Mtani Asiyezika: Nasaba, Mapenzi na Kicheko katika Miswada ya Filamu ya Borja Cobeaga

1.0 Utangulizi

Uhakiki wa fasihi ya Kiswahili umezoea kumtendea haki mwandishi wa tamthilia na kumsahau mwandishi wa muswada wa filamu. Tamthilia huchapishwa, hufundishwa na kutahiniwa. Muswada wa filamu huchukuliwa kama jukwaa la waashi: nyumba ikishasimama, miti hufunguliwa ikarundikwa pembeni, na sifa humwendea mwenye nyumba. Hali hii haipo kwetu tu. Nchini Hispania, jina la Rafael Azcona (1926–2008) lilichukua miaka mingi kupata uzito sawa na majina ya waongozaji aliowaandikia, ingawa bila kalamu yake filamu kama El verdugo (1963) isingekuwa na ule uchungu uliofichwa ndani ya kicheko. Katika filamu hiyo kijana anaoa binti wa mnyongaji, na ili apate nyumba ya kuishi inambidi airithi kazi ya baba mkwe. Mapenzi, nyumba na kazi ya kunyonga vinafungwa katika fundo moja.

Uhakiki huu unamchunguza mrithi mmoja wa mkondo huo, Borja Cobeaga, aliyezaliwa mwaka 1977 huko San Sebastián, katika Nchi ya Wabaski, kaskazini mwa Hispania. Cobeaga ni mwandishi na pia mwongozaji, lakini filamu iliyomfanya asomwe na taifa zima, Ocho apellidos vascos (Majina Manane ya Kibaski, 2014), hakuiongoza yeye. Aliiandika pamoja na mwandishi mwenzake wa muda mrefu, Diego San José, kisha ikaongozwa na Emilio Martínez-Lázaro. Kwa hiyo mtafiti anayetaka kumsoma Cobeaga kama mtunzi hana budi kukubali mambo mawili tangu mwanzo: kwamba anasoma kalamu iliyoshikwa na mikono miwili, na kwamba baadhi ya anachokiona kwenye skrini ni uamuzi wa mtu wa tatu. Nimeyakubali. Hata hivyo, kuna maswali yanayojirudia katika kazi zake zote, ziwe ameziongoza au hakuziongoza, na ujirudiaji huo ndio unaonipa ujasiri wa kumwita mtunzi.

Nilipoanza kazi hii nilikusudia kuandika juu ya msuko wa futuhi ya mapenzi tu: kukutana, kukwazwa, kujificha, kufichuka na kuungana. Rasimu ya kwanza ilikuwa nadhifu. Msimamizi wangu aliisoma akaandika pembeni swali moja kwa kalamu ya risasi: “Waliouawa wako wapi?” Kurasa zifuatazo ni jitihada ya kulijibu.

2.0 Mlipa Fanta

Kabla ya filamu ndefu, Cobeaga alipitia shule mbili. Ya kwanza ilikuwa televisheni: Vaya semanita, kipindi cha vichekesho cha kituo cha ETB 2 kilichoanza mwaka 2003, ambacho kiliwacheka Wabaski wenyewe pamoja na siasa zao wakati ambapo kundi la ETA lilikuwa bado linaua. Ya pili ilikuwa filamu fupi. Éramos pocos (2005) ilifika hadi kwenye orodha ya mwisho ya tuzo za Oscar za mwaka 2007. Kisa chake ni chepesi: mke anaondoka, baba na mwana wanabaki na nyumba wasiyojua kuiendesha, na ufumbuzi wanaoupata ni kwenda kumtoa mama mkwe katika nyumba ya wazee ili aje awapikie. Hapa tayari tunakutana na wazo litakalomfuata mwandishi huyu: ukoo unaotafutwa kwa sababu ya haja, si kwa sababu ya damu. Mtu anaitwa mama kwa kuwa jiko limezimika.

Filamu yake ndefu ya kwanza, Pagafantas (2009), aliyoiandika na San José, ina jina ambalo msomaji wa Kiswahili halimpi taabu, kwa kuwa Fanta inauzwa kila duka. Pagafantas ni mwanamume anayemlipia msichana soda usiku kucha akitumaini kupendwa, kisha anaishia kurudi nyumbani peke yake. Mtu angeshawishika kutafsiri neno hilo kwa “buzi” la mitaani. Nadhani ingekuwa tafsiri potofu. Buzi huchunwa, lakini walau yeye na anayemchuna wanajua biashara yao. Mlipa Fanta hajui kama yumo katika biashara. Anaamini yumo katika mapenzi, na mwenzake anaamini kwa moyo mweupe kwamba wao ni marafiki. Hakuna tapeli kati yao, na ndiyo maana kicheko chake kinauma.

Mhusika mkuu, Chema, anayeigizwa na Gorka Otxoa, anamwacha mchumba wake akidhani dunia imejaa wanawake wanaomsubiri, kisha anampenda Claudia, msichana kutoka Argentina. Anakuwa bega la kulilia na dereva wa hisani. Mwishowe anafunga naye ndoa ili Claudia apate haki ya kuishi Hispania. Tendo hilo linastahili kuangaliwa kwa makini. Katika kanuni ya utanzu huu ndoa ndiyo kituo cha mwisho, kitendawili kilichoteguliwa. Cobeaga na San José wanaisogeza ndoa hadi katikati ya hadithi na kuigeuza karatasi ya idara ya uhamiaji. Chema anakuwa mume kabla ya kuwa mpenzi. Ni kinaya kizuri, na kimechotwa katika chungu kilekile cha Azcona: taasisi inakupa cheo cha moyo bila moyo wenyewe.

Filamu hiyo pia inaingiza vipande vinavyoiga makala za wanyamapori, ambamo tabia za mlipa Fanta zinaelezwa kana kwamba ni za mnyama wa porini. Watazamaji wengi hukumbuka vipande hivyo kuliko kisa. Mimi naviona ni udhaifu kiasi, kwa sababu vinamwondolea Chema lawama: ikiwa ni mnyama mwenye silika yake, basi hana la kujifunza. Tena Claudia anabaki kitu cha kutazamwa. Tunajua kila aibu ya Chema, lakini hofu ya Claudia, mgeni asiye na karatasi katika nchi ya watu, inaguswa kwa ncha ya kidole tu. Futuhi iliyomweka mhamiaji katikati ya msuko wake ingeweza kumsikiliza zaidi.

No controles (2010) sitakaa nayo. Theluji, hoteli ya njiani, mkesha wa mwaka mpya, mwanamume anayetaka kumrudisha mpenzi wake na rafiki mpiga domo anayempa mipango mibovu. Imeshonwa vizuri, lakini ni nguo ya kuazima.

3.0 Majina manane

Mhispania hubeba majina mawili ya ukoo, moja la baba na moja la mama. Ukihesabu majina mawili ya kila mmoja wa mababu na mabibi wanne unapata manane. Kuwa na majina manane ya Kibaski maana yake ni kwamba hakuna mgeni aliyeingia katika ukoo wako katika vizazi hivyo. Wazo hili si mzaha wa waandishi. Sabino Arana (1865–1903), mwasisi wa siasa ya uzalendo wa Kibaski na wa chama cha PNV kilichoanzishwa mwaka 1895, aliijenga siasa yake ya mwanzo juu ya nasaba, na majina ya ukoo yalikuwa ushahidi wake. Kwa hiyo kichwa cha filamu kinashika mzizi wa jambo.

Kisa chenyewe ni hiki. Rafa, kijana wa Sevilla asiyewahi kuishi kwingine na asiyetaka, anakutana na Amaia, msichana wa Kibaski aliyeachwa karibu na siku ya harusi yake. Wanagombana usiku kucha, na Amaia anaondoka akisahau mkoba. Rafa anaamua kumfuata kaskazini hadi Argoitia, kijiji cha kubuni, kumrudishia. Huko anatokea Koldo, baba yake Amaia, mvuvi ambaye amekuwa mbali na bintiye kwa miaka, naye anatarajia kumwona mkwe. Mkwe hayupo. Rafa anavalishwa uhusika: anaitwa Antxon, anapewa nguo za kijana mzalendo, na anatafutiwa mama wa bandia, Merche, mjane aliyetoka Cáceres, mkoa wa mbali kabisa na Nchi ya Wabaski.

Wakiwa mezani, Koldo anamtaka kijana ataje majina yake manane. Rafa hana hata moja. Anachofanya ni kuokoteza kichwani majina ya Wabaski mashuhuri ambao Mhispania yeyote anawajua kwa kuwaona kwenye televisheni: mlinda mlango Zubizarreta, mpishi Arguiñano, na wengineo. Anapokaribia mwisho ghala linamwishia, anatamka jina la Clemente. Javier Clemente, aliyewahi kuwa kocha wa timu ya taifa ya Hispania, ni Mbaski kweli, mzaliwa wa Barakaldo, lakini jina lake la ukoo si la Kibaski. Utani huu ni mfupi sana kwenye skrini, na nadhani ndio msitari bora kabisa aliowahi kuuandika Cobeaga na mwenzake. Kwa neno moja wameivunja hoja ya Arana bila hotuba. Mbaski wa damu, wa kuzaliwa, wa mpira na wa lafudhi, anashindwa mtihani wa nasaba, na anashindwa kupitia kinywa cha mwongo anayejaribu kuufaulu.

Ubora wa tukio hilo unatokana na jambo lingine pia. Rafa anaweza kuorodhesha majina hayo kwa kuwa anayafahamu. Mtu wa kusini anayejigamba kuwachukia watu wa kaskazini amekula mapishi yao, ameshangilia makipa wao na amewasikiliza watangazaji wao maisha yake yote. Chuki yake ni ya mdomo, ujuzi wake ni wa ndani.

Filamu ilianza kuonyeshwa tarehe 14 Machi 2014. Zaidi ya watu milioni 9 walikwenda kuitazama kumbini, na mapato yake yalipita euro milioni 50, kiasi ambacho filamu ya Kihispania haikuwahi kukifikia nchini mwake. Karra Elejalde (Koldo), Carmen Machi (Merche) na Dani Rovira (Rafa) walipata tuzo za Goya. Idadi ya namna hiyo haielezeki kwa ufundi peke yake. ETA ilikuwa imetangaza kukomesha matumizi ya silaha tarehe 20 Oktoba 2011, na ilijivunja rasmi mwezi Mei 2018. Filamu ilizaliwa katika miaka hiyo saba ya katikati, wakati bunduki zilikuwa zimenyamaza lakini mwenye bunduki bado hajaaga. Watu walikuwa wakisubiri kuambiwa kwamba sasa inaruhusiwa kucheka.

Lipo jambo moja linalonisumbua kama mtu ninayesoma na kuandika kwa lugha ambayo nayo imehesabiwa mara nyingi kuwa haifai kwa elimu ya juu. Katika filamu hii Kibaski kinasikika zaidi kama mtego wa kumfichua Rafa kuliko kama lugha ambayo watu huambiana mapenzi ndani yake. Anapolazimika kuongoza maandamano bila kuijua lugha ya waandamanaji, tunacheka, na tuna haki ya kucheka. Lakini lugha iliyopigwa marufuku hadharani wakati wa utawala wa Franco ilistahili walau tukio moja ambamo haikuwa kikwazo.

4.0 Utani na kaburi

Neno linalonijia kila ninapoitazama filamu hii ni utani. Sina maana ya mzaha wa jumla. Nazungumzia utani kama taasisi, ule ambao watafiti wameuandika kwa kina nchini Tanzania: Wazaramo na Wanyamwezi, ambao utani wao unahusishwa na misafara ya kutoka bara kwenda pwani, au Wangoni na baadhi ya watu waliowahi kupigana nao. Sitaki kudai kwamba Wahispania wana utani wa aina hiyo. Nataka tu kuutumia kama kipimo, kwa kuwa hakuna kipimo kingine ninachokijua ambacho kinaeleza vizuri namna maadui wa jana wanavyotukanana leo bila kupigana.

Kwa kipimo hicho, nusu ya kwanza ya filamu inafaulu. Wa kusini wanaitwa wavivu, wapenda sherehe na wapaka mafuta nywele. Wa kaskazini wanaitwa wakali, walafi na wasiojua mapenzi. Matusi yanakwenda pande zote mbili, na hakuna anayechomoa kisu. Lakini mtani ana kazi ya pili. Siku ya msiba mtani hufika mapema, huzuia jeneza, hudai fidia, humwigiza marehemu hadi wafiwa wacheke machozi yakiwa bado yanawatoka, kisha hushika jembe. Haki ya kutukana hununuliwa kwa wajibu wa kuzika. Anayetukana tu bila kuzika hana utani, ana ufedhuli.

Hapo ndipo swali la msimamizi wangu lilipokuwa likielekea. ETA iliua zaidi ya watu 800 katika muda wa miongo minne. Walikuwepo pia waliouawa katika miaka ya 1980 na vikosi vya siri vilivyofungamana na maofisa wa dola. Katika kijiji cha Argoitia hakuna kaburi hata moja. Kuna mabango, kuna vijana wenye hasira wanaoonekana kama watoto wasioelewa wanachokitaka, kuna chumba cha mahabusu, lakini wafu hawapo.

Nakosea kidogo. Yuko mmoja. Merche, mama wa bandia, ni mjane wa askari wa Guardia Civil, jeshi la polisi ambalo askari wake wengi waliuawa na ETA. Filamu haikai juu ya kifo cha mumewe. Inamtaja marehemu, inachekesha kidogo, inapita. Kisha inafanya jambo ambalo kwa maoni yangu ndilo zito kuliko yote katika muswada mzima: inamwacha mjane huyo ampende Koldo, mvuvi mzalendo, naye Koldo ampende. Mapenzi ya Rafa na Amaia ni ya kanuni. Yanaanza kwa ugomvi, yanapitia harusi ya kuigiza isiyokamilika, yanaishia Sevilla juu ya gari la farasi huku wanamuziki Los del Río wakiimba. Mtazamaji anajua tangu dakika ya kumi yatakapofikia. Mapenzi ya wazee hawa wawili hayana kanuni ya kuyabeba. Mwanamke aliyelala miaka mingi kando ya sare ile anakaa mezani na mwanamume ambaye katika ujirani wake sare ile ilikuwa ya adui.

Waandishi waliiona almasi hii, la sivyo wasingempa Merche mume wa aina hiyo. Mume angeweza kuwa fundi bomba. Walimchagua askari, kisha wakaogopa walichokichagua. Hawakuandika tukio ambamo Merche anamwambia Koldo jambo moja tu juu ya miaka ile, hata kwa mzaha, hasa kwa mzaha. Karra Elejalde na Carmen Machi wanajaza pengo hilo kwa macho na kimya, na nadhani hiyo ni sababu mojawapo ya wao kutuzwa. Mwigizaji anapolazimika kuigiza tukio ambalo halikuandikwa, sifa ni yake na deni ni la mwandishi.

Atakayepinga atasema futuhi ya mapenzi haijengwi kubeba makaburi, na kwamba nadai embe kwenye mchungwa. Hoja hiyo ingenitosheleza kama Cobeaga mwenyewe asingeipinga kwa kazi zake nyingine.

5.0 Baada ya harusi

Mwendelezo, Ocho apellidos catalanes (2015), nao ni wa Cobeaga na San José. Kwa mara nyingine una udanganyifu wa kifamilia, safari hii kijiji kizima kikijifanya kwamba Katalunya imekwisha kupata uhuru ili bibi mmoja afurahi. Ulipata watazamaji wengi na ni kazi ya haraka. Filamu ya tatu, Ocho apellidos marroquís (2023), haikuandikwa nao.

Cha maana ni alichokuwa akikifanya Cobeaga kando ya mafanikio hayo. Mwaka uleule wa 2014 tamasha la San Sebastián lilionyesha Negociador, filamu ndogo aliyoiandika na kuiongoza mwenyewe, inayotokana na mazungumzo ya siri ya mwaka 2005 na 2006 kati ya mwanasiasa wa chama cha kisoshalisti, Jesús Eguiguren, na wajumbe wa ETA. Ramón Barea, yuleyule baba asiyejua kupika wa Éramos pocos, anaigiza mpatanishi. Wajumbe wanakutana hotelini Ufaransa. Wanakwama juu ya neno, juu ya tafsiri, juu ya nani akae wapi. Asubuhi wanakutana tena kwenye kifungua kinywa, na haijulikani kama ni adabu kusalimiana. Ni futuhi ya mapenzi iliyobadilishiwa nguo: watu wawili wasiopatana wamefungiwa mahali pamoja, na mtazamaji anaomba wapatane. Tofauti ni kwamba historia inajulikana. Tarehe 30 Desemba 2006 ETA ililipua bomu katika maegesho ya uwanja wa ndege wa Barajas, Madrid, na wahamiaji wawili wa Ecuador wakafa. Kila kicheko katika filamu hii kinasikika kikiwa na tarehe hiyo nyuma yake.

Fe de etarras (2017), aliyoiandika tena na San José kwa ajili ya Netflix, inakwenda mbali zaidi. Ni majira ya Kombe la Dunia la 2010. Wanachama wanne wa ETA wamejificha katika nyumba ya kupanga ndani ya mji wa Hispania wakisubiri simu ya amri, huku majirani wakipamba baraza kwa bendera za taifa na timu ikisonga mbele kuelekea fainali ya Johannesburg. Kabla haijaonyeshwa, bango lake la matangazo mjini San Sebastián, lililocheza na wimbo wa mashabiki wa timu ya taifa kwa kukata kata maneno yake, liliwaudhi watu wa vyama vya waathirika, na malalamiko yakafika mahakamani. Hasira yao siidharau. Wao ndio waliozika.

Hata hivyo, ndani ya nyumba ile nimekutana tena na Rafa. Anaitwa Pernando, anaigizwa na Julián López, na anatoka Chinchilla, karibu na Albacete, sehemu isiyo na uhusiano wowote na Wabaski. Amejiunga na ETA kwa mapenzi yake. Hana hata jina moja kati ya yale manane. Anajifunza kuwa Mbaski kama Rafa alivyojifunza, kwa bidii na kwa makosa, lakini mwisho wa mafunzo yake si harusi, ni bastola. Na katika chumba cha pili wamo Álex na Ainara, wapenzi wawili wanaogombana mambo ya kawaida ya wapenzi katika nyumba ambayo kazi yake ni kuua. Waandishi wameuchukua msuko wao wenyewe wa mwaka 2014, wameurudisha mezani, na safari hii wameweka silaha kati ya sahani.

Filamu hiyo ilitazamwa na watu wachache kuliko ile ya Majina Manane, tena wengi nyumbani mwao, mmoja mmoja, ambako hakuna jirani wa kukuangalia unapocheka.